Neno "Dig" na Asili Yake

Juzi mjukuu wangu aliniambia wimbo fulani "ameudigi", yaani umempendeza. Nikamkemea: aache vijineno vya Kizungu. Baadaye nilijuta, maana nilikemea nisilolijua.

Kwa Kiingereza cha kawaida, "dig" ni kuchimba. Katika karne ya 19 wanafunzi wa Marekani walilitumia kwa maana ya kudurusu kwa bidii. Kisha wanamuziki weusi wa jazi wakalipa maana nyingine: kuona, kuelewa, kupenda. Mwaka 1938 Cab Calloway alilitia katika kamusi yake ndogo ya lugha ya mitaa ya Harlem.

Walilipata wapi? Mtaalamu wa lugha David Dalby alielekea Senegali, kwa Wawolofu, ambao wengi wao ni Waislamu wenzetu. Kwao "dégg" ni kusikia na kufahamu. Miongoni mwao wako waliovushwa bahari kwa minyororo. Yumkini neno lilivuka nao, likavaa nguo za Kiingereza.

Wataalamu wengine hawakubali. Wasema ni kuchimba kule kule, kuifukua maana. Nalo si ajabu, kwani hata sisi humchimba mtu maneno.

Shauri hilo halijakatwa, wala mimi silikati. Ninalosema, msomaji, ni hili: mgeni akipiga hodi humkaribisha kwanza, ndipo ukamwuliza kwao. Huenda huyu niliyemfukuza mlangoni ni ndugu yetu aliyeuzwa, anarudi nyumbani. Mjukuu wangu nimemtaka radhi.