Mshahara Hauliwi na Kabila

Ipo itikadi katika Masisi na Walikale, mashariki mwa Kongo, ambayo imekaa vinywani mwa watu muda mrefu hata imepata heshima ya sheria, nayo yasema kwamba kazi inapopatikana, iwe ya hospitali au ya barabara, ya shirika la misaada au ya mgodi, insafu ni kuigawa kwa makabila, kila jamii itwae fungu lake, wenye udongo watangulie na waliokuja baadaye wafuate. Mwami, chifu wa kimila, huisema barazani, mbunge huisema akitafuta kura, mchungaji huidokeza katika mahubiri, na msichana aliyehitimu uuguzi, ambaye bahasha yake ya kaki imezunguka ofisi zote pasipo jibu, huisema kwa uchungu kuwashinda wote, asijue kwamba ndiyo iliyomfungia mlango. Mimi nashika kinyume chake: mgawo wa kazi kwa makabila ni upendeleo ule ule wa zamani, uliovishwa joho la haki ili usiulizwe maswali.

Tuutazame unavyotendeka. Tangazo la nafasi hubandikwa kwenye ukuta wa ofisi ya teritwari, kwa Kifaransa, na chini yake tarehe ya mwisho ya kupokea dosye; gundi haijakauka, simu zimekwisha kulia. Msimamizi wa mradi, ambaye aghalabu ametoka Goma, Bukavu au Butembo, na ambaye haja yake kubwa ni kuumaliza mkataba wake pasipo kufungiwa barabara na vijana, humwendea mwenye sauti katika kila kabila akamwomba majina. Mwenye sauti ana wana, ana wapwa, ana wakwe, ana wadeni na wawia wa siasa, na majina atakayoyatoa ni ya hao. Ichukue orodha ya vibarua wa kutwa, wale wa sepetu na toroli ambao hutia kidole katika wino ili walipwe, uisome polepole pamoja na mtu anayekijua kijiji: atakuonyesha majina manne yanayofuatana ambayo usiku hulala chini ya bati moja. Na aliyeingia kwa mlango huo ajua kwamba mwisho wa mwezi ipo operesheni retour, yaani sehemu ya ujira irudiyo mkononi mwa aliyemwingiza, naye hulipa kimya kimya kwa kuwa hana alichoshinda ila fadhili, na fadhili huweza kuondolewa.

Kabila limepata nini hapo? Mnyanga wa Pinga asiye na mjomba ofisini hali katika chungu cha Mnyanga mwenye mjomba, wala Mhunde wa kambi ya wakimbizi hapokei hata faranga moja ya mshahara wa Mhunde aliyeandikwa kazi mjini. Faida huingia nyumba moja. Chuki ndiyo igawanywayo sawasawa kwa jamii nzima, hata kwa yule ambaye hakupata kusikia kwamba kulikuwa na nafasi.

Sikatai kwamba itikadi hii ina sababu zake, na anayeikejeli pasipo kuijua historia ya Masisi ni mtu wa kupuuzwa. Tangu mwaka 1937 serikali ya Kibelgiji ilihamishia huko maelfu ya familia kutoka Rwanda, ili kupunguza msongamano kule na kupata mikono ya mashamba ya Wazungu huku, ikawatengea utawala wao wa Gishari ambao haukufutwa mpaka mwaka 1957. Kisha, baada ya uhuru, watu walimwona Barthélémy Bisengimana akiiongoza ofisi ya Rais Mobutu tangu 1969 hadi 1977, na wengi wakakata shauri kwamba vyeo na ardhi humfuata aliye karibu na kiti. Upande wa pili una kilio chake pia, maana wazao wa waliohamishwa walipewa uraia kwa sheria ya 1972 na kuvuliwa kwa ile ya 1981, na mtu aliyevuliwa uraia hana cheo cha kuomba wala korti ya kulalamikia. Kila jamii, basi, ina daftari la dhuluma ilizotendewa, na hakuna daftari lililo la uongo mtupu.

Lakini dawa hii ya mgawo ilikwisha kujaribiwa, nasi tuliona ilivyotibu. Siku za Mkutano Mkuu wa Kitaifa, mnamo 1991 na 1992, iliitwa geopolitiki, na maana yake ilikuwa kwamba kila mkoa uongozwe na wazawa wake. Huko mkoa wa Shaba, chini ya gavana Kyungu wa Kumwanza, Wakasai waliotumika katika shirika la migodi la Gécamines maisha yao yote walifukuzwa makazini na majumbani, wakarundikana katika stesheni za reli za Likasi na Kolwezi wakingoja treni. Kwetu Kivu ya Kaskazini vyama vya kabila, Magrivi ya Wahutu, Bushenge ya Wahunde, Kyaghanda ya Wanande, vilisimama kila kimoja na hesabu yake ya viti, na mwezi Machi 1993 soko la Ntoto katika Walikale likawa chanzo cha mauaji yaliyoenea Masisi. Sisemi kwamba mgawo wa vyeo peke yake ndio uliowaua watu wale, kwa sababu ardhi na uraia vilikuwa na uzito zaidi. Nasema kwamba watu waliozoezwa kuhesabiana kwa kabila mlangoni mwa ofisi hawakuhitaji fundisho jipya la kuhesabiana sokoni.

Jeshini itikadi hii ilipanda daraja. Mgodi wa Bisie, katika Walikale, ulikuwa chini ya brigedi ya 85, iliyotokana na wanamgambo wa Mai-Mai, mpaka mwaka 2009. Kisha mapatano ya tarehe 23 Machi mwaka huo yakaingiza jeshini wapiganaji wa kundi la waasi la CNDP pamoja na madai yao ya vyeo, na waliotoka CNDP wakaishika Bisie. Mchukuzi aliyelibeba gunia la mawe ya bati kwa mguu, siku nzima na zaidi, kupitia msituni mpaka barabarani, alitozwa kabla ya badiliko hilo na akaendelea kutozwa baada yake.

Hoja iliyo bora upande wa wapinzani wangu ni hii, nami naipa haki yake: mgonjwa wa Walikale ataka muuguzi amwelewe, na mgeni asiyejua lugha wala desturi atamtibu vibaya. Ni kweli tupu. Basi ipimeni lugha! Andikeni katika tangazo kwamba Kinyanga, Kihunde au Kinyarwanda ni sharti la kazi, kisha mketisheni kila mwombaji mbele ya mzee asikilizwe. Kujua Kinyanga ni maarifa ambayo mtu aweza kuyaonyesha, na aliyezaliwa Goma akakulia Mubi, huko Walikale, atayaonyesha. Kuzaliwa Mnyanga si maarifa, na wapo Wanyanga wa mjini ambao lugha ya bibi yao imewapotea.

Wengine husema kwamba pasipo mgawo, wageni watachukua vyote. Walivichukua kweli wakati wa Ebola ya Beni na Butembo, kati ya 2018 na 2020, maradhi yaliyoua zaidi ya watu 2,200, na manung'uniko ya wenyeji juu ya waliotoka Kinshasa yalikuwa na haki. Lakini tume huru ya Shirika la Afya Duniani, ilipotoa taarifa yake Septemba 2021, iliwataja watuhumiwa 83 wa unyonyaji wa kingono, 21 kati yao wakiwa waajiriwa wa shirika hilo, na wanawake walieleza jinsi walivyoahidiwa kazi kwa kutoa miili yao. Wanawake hao wangeokolewa na orodha ya mwami? Mlango usio na mizani ya wazi huuzwa na yeyote aketiye kizingitini, mgeni au mwenyeji, na aliye dhaifu ndiye hulipa.

Wala jamii haikunyimwa fungu. Kanuni ya Madini iliyorekebishwa mwaka 2018 inamlazimu mwenye mgodi atoe angalau asilimia 0.3 ya mauzo yake kwa maendeleo ya watu wanaouzunguka. Hilo ndilo la kugombania kwa pamoja, lilipwe hadharani, lijenge zahanati na madaraja. Zahanati aweza kuitumia kila mtu wa jamii. Kiti cha mhasibu hukaliwa na mtu mmoja, na Katiba ya 2006, ibara ya 36, yakataza mtu kudhulumiwa katika kazi yake kwa ajili ya asili yake.

Njia si ngeni duniani. Wachina, zamani za ukoo wa Song, yapata miaka elfu iliyopita, walipoona kwamba wasahihishaji huwatambua wana wa rafiki zao, waliyafunika majina ya watahiniwa, na hilo lisipotosha wakaajiri makarani wanakili upya kila karatasi, ili hata mwandiko usijulikane. Sisi hatuhitaji makarani wale. Twahitaji namba badala ya jina juu ya karatasi, msahihishaji asiye na jamaa miongoni mwa waombaji, na sheria iyo hiyo siku ya kupandisha vyeo, ambapo upendeleo hujificha vizuri zaidi kwa kuwa hakuna tangazo ukutani.

Kwa hiyo nawaomba ninyi wakuu wa mashirika, wa hospitali na wa migodi, na ninyi mliozishika ofisi za serikali kwa amri ya Kinshasa au kwa nguvu ya bunduki zilizoingia Goma Januari 2025: kabla ya kumwita mwajiriwa mpya atie sahihi mkataba, bandikeni alama za waombaji wote mahali watu wapitapo, pamoja na majina ya waliosahihisha. Na wewe kijana uliyeshindwa, nenda ukazisome.