Abiria, Dereva na Mdandiaji: Kiswahili Mbele ya Misimbo ya Majeraha

Wahenga walisema kuwa mgonjwa haulizwi uji. Methali hii ina hekima yake jikoni, lakini katika ofisi ya kumbukumbu za hospitali haina nafasi. Huko mgonjwa sharti aulizwe, tena kwa makini, kwani jibu lake ndilo linalogeuzwa kuwa msimbo, na msimbo ndio unaosalia faili linapofungwa. Makala haya yanashikilia kwamba kuuliza na kujibu huko ni suala la lugha, na kwamba wataalamu wa Kiswahili wamelipa kisogo kwa muda mrefu.

Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa una asili yake katika orodha ya visababishi vya vifo iliyowasilishwa na Jacques Bertillon mwaka wa 1893. Shirika la Afya Duniani lilitwaa usimamizi wake mwaka wa 1948, na toleo la kumi likaidhinishwa mwaka wa 1990. Marekani ilianza kulitumia toleo hilo hospitalini, baada ya kulipanua kwa mahitaji yake, tarehe 1 Oktoba 2015. Toleo la kumi na moja lilianza kutumika kimataifa tarehe 1 Januari 2022.

Chukua mfano wa mtu aliyeketi nyuma ya pikipiki ya magurudumu manne, ile ya kupasulia mchanga na vichaka, akaanguka na kuvunjika kigasha. Katika utaratibu wa Marekani, mvunjiko wenyewe huandikwa kwanza, kwa msimbo unaoanza na S52. Kisha huongezwa msimbo wa chanzo cha nje: V86.65XA. V86 ni kundi la vyombo maalumu vya nje ya barabara. Tarakimu 6 yasema kuwa aliyejeruhiwa alikuwa abiria na kwamba ajali haikutokea katika barabara ya umma. Tarakimu 5 inayofuata yabainisha chombo cha magurudumu matatu au manne. X hujaza pengo tu, nayo A yaonyesha kuwa mgonjwa yumo katika awamu ya kwanza ya matibabu. Angekuwa dereva, mahali pa 6 pangeandikwa 5. Angekuwa anapanda au anashuka, pangeandikwa 4. Angekuwa amening'inia nje ya chombo, pangeandikwa 7. Isipojulikana alikuwa nani, huandikwa 9.

Hapa ndipo lugha inapoingia. Mgonjwa akisema, "Nilipanda pikipiki, nikaanguka," amesema Kiswahili fasaha. Hata hivyo, kitenzi kupanda chaweza kumaanisha kukwea chombo, kubebwa nacho, au hata kukiendesha. Vivyo hivyo kauli "alianguka na pikipiki" haisemi nani alishika usukani. Karani asiyeuliza zaidi hubaki na tarakimu moja tu ya haki, nayo ni 9.

Je, kuna hasara gani? Nyingi ya pikipiki hizo zimeundwa kwa mtu mmoja, na uzito wa mtu wa pili huvuruga mizani ya chombo. Abiria wakimezwa na tarakimu 9, hapana atakayejua ni wangapi walioumia wakiwa wameketi mahali pasipokuwa pao. Mzazi hatapata wa kumwonya, wala mtunga sheria hatapata ushahidi. Jambo hili si la Wamarekani pekee. Katika pwani ya Diani vyombo hivi hukodishwa kwa watalii, na aumiaye huko aghalabu huelezewa na shahidi azungumzaye Kiswahili.

Yamkini atatokea wa kudai kuwa msimbo ni tarakimu, na tarakimu haina lugha. Dai hili halina mashiko. Tarakimu huzaliwa na maelezo, na maelezo yakiwa na utata, tarakimu nayo hupotosha. Wengine watasema kuwa Kiswahili hakina istilahi za kutosha. Hao pia wamekosea. Kile ambacho Kiingereza hukieleza kwa fungu zima la maneno, yaani mtu aliye nje ya chombo kinachokwenda, Kiswahili hukitaja kwa neno moja: mdandiaji. Neno abiria nalo ni ndugu wa kitenzi kuabiri, cha safari za majini. Lilitoka chomboni baharini likaingia garini bila kuhitaji kibali cha mtu. Uwezo upo, kilichokosekana ni kazi ya kuupanga.

Kazi hiyo ni ya vyuo vikuu. Ibara ya 7 ya Katiba ya Kenya ya mwaka wa 2010 inakitambua Kiswahili kuwa lugha ya taifa na lugha rasmi, na hadhi hiyo haiwezi kukomea darasani na bungeni. Mwanafunzi mmoja wa uzamili, akishirikiana na afisa mmoja wa kumbukumbu za afya, anaweza kuandaa maswali machache yasiyo na utata: Ulikuwa unaendesha, umebebwa au umedandia? Chombo kilikuwa kinakwenda, au ulikuwa ndio kwanza unapanda au unashuka? Mlikuwa katika barabara ya umma au nje yake? Maswali matatu tu, na abiria hatapotea tena katika tarakimu 9. Ukitaka cha mvunguni sharti uiname. Basi wana wa Kiswahili na wainame.