Kipindi cha Kuchora Si Kipindi cha Mchezo

Muhula huu mwenzetu mmoja wa Kidato cha Pili alikutwa akichora jumba nyuma ya daftari lake la hesabu. Tulimcheka sana. Mmoja akamwambia, "Wewe utaishia kupaka rangi vibao vya maduka." Mimi pia nilicheka. Leo nataka kusema kwamba tulikosa, na sababu zangu ni hizi.

Wengi wetu twapenda senema, na wachezaji wake twawajua kwa majina. Lakini ni nani kati yetu aliyepata kuuliza: nyumba ile, mtaa ule, jumba lile la mfalme, limetengenezwa na nani? Yuko fundi wake. Yeye huisoma hadithi, hufikiri watu wake waishi mahali pa namna gani, hupachora mahali hapo, kisha huwasimamia maseremala na wapaka rangi mpaka pasimame. Katika mwaka 1939 William Cameron Menzies alitajwa kwa kazi hiyo katika senema ya Gone with the Wind, na tangu hapo kazi ikapata heshima yake.

Mtazameni Ken Adam. Alizaliwa Berlin mwaka 1921. Jamaa zake walikuwa Wayahudi, wakaikimbia Ujerumani ya Hitler wakaenda Uingereza. Huko alijifunza usanifu wa majengo, na wakati wa vita akarusha ndege za kivita za Uingereza. Vita vilipokwisha aliingia katika senema akiwa mchoraji mdogo tu. Alipofariki mwaka 2016 alikuwa amekwisha kupata tuzo ya Oscar mara mbili.

Katika senema ya Goldfinger ya mwaka 1964 ilimpasa aonyeshe ndani ya ghala ya dhahabu ya Serikali ya Marekani, Fort Knox. Hakuruhusiwa kuingia. Basi akaitunga kwa akili yake, dhahabu imepangwa kwenda juu kama ukuta wa kanisa kubwa. Alijua vema kwamba dhahabu ya kweli ni nzito mno, haipangwi hivyo. Na sisi twaweza kupima: lita moja ya dhahabu ina uzito wa kilo 19.3, kwa hiyo debe la lita 20 likijaa lingekuwa na kilo 386! Mwaka huo huo, katika senema ya Dr. Strangelove, aliweka meza kubwa ya duara iliyofunikwa kitambaa cha kijani, ingawa senema yenyewe haikuwa na rangi. Yasemekana mkuu wa senema alitaka wachezaji wajione kama watu wachezao kamari, na dunia ndiyo iliyowekwa mezani.

Je, kazi kama hiyo ni mchezo? Inataka hesabu, historia, fizikia, na subira.

Najua wazazi watauliza, "Kazi hiyo hapa kwetu iko wapi?" Ni swali la haki. Nafasi ni chache, wala sisemi kila achoraye aende kutafuta senema. Lakini seremala huchora kabla ya kukata mbao, mshonaji huchora kabla ya kukata kitambaa, na mjenzi asiyejua kusoma ramani hubaki kubeba zege. Hannah Beachler wa Marekani alianza kwa kujifunza kubuni mavazi. Mwaka 2019 akawa Mmarekani mweusi wa kwanza kupata Oscar ya kazi hii, kwa kuubuni mji wa Kiafrika katika Black Panther. Mkono uliozoezwa haukosi kazi ya kufanya.

Kwa hiyo naomba mambo mawili. Kwanza, mitihani ikaribiapo, kipindi cha kuchora kisiwe ndicho cha kwanza kutolewa sadaka. Pili, chama chetu cha michezo ya kuigiza kisiridhike tena na shuka nyeupe na viti vya darasani. Tuwape wachoraji wetu ukuta wa bwalo, rangi na misumari, tuone watakavyofanya. Samaki mkunje angali mbichi.

Nami nimekwisha kumwomba radhi mwenzetu yule. Alinionyesha jumba lake: lina ngazi mbili, na kila dirisha amelipima kwa rula.