Zuio la ujenzi si hukumu

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua ili nizungumzie ugomvi wa mipaka ya viwanja, na hasa amri za kusimamisha ujenzi. Wananchi wengi wanazitafuta amri hizi, lakini ni wachache wanaoelewa kazi yake.

Kwanza, zuio la muda halimpi mtu kiwanja. Kazi yake ni kuifanya hali ibaki kama ilivyo mpaka shauri lisikilizwe. Masharti yake yanajulikana tangu shauri la Atilio na Mbowe, lililoamuliwa mwaka 1969 na Jaji Mkuu Georges. Mwombaji lazima aonyeshe kwamba ipo hoja nzito ya kuamuliwa na kwamba anaelekea kuwa na haki; kwamba bila zuio atapata hasara isiyofidika; na kwamba zuio likikataliwa yeye ataumia zaidi kuliko jirani yake atakavyoumia likitolewa. Kwa hiyo anayetoka mahakamani na karatasi ya zuio, akatangaza mtaani kuwa ameshinda kesi, anawadanganya majirani.

Pili, wapo wajenzi ambao tegemeo lao ni haraka. Msingi unachimbwa Ijumaa jioni, mafundi wanafanya kazi kwa taa, na Jumatatu mahakama inapofunguliwa ukuta umefika kwenye linta. Wanatumaini kwamba hakimu ataona huruma kuuvunja. Hawa wakumbuke kuwa ukuta si hati ya kiwanja, na kwamba anayekiuka zuio anaweza kukamatiwa mali au kuwekwa ndani kama mfungwa wa madai.

Lakini tusiwalaumu wajenzi peke yao. Wapo pia wanaolitumia zuio kama fimbo. Jirani akianza kujenga hukimbilia mahakamani, si kwa sababu mpaka umevukwa, bali kwa wivu, au ili wapewe chochote ndipo wafute kesi. Huku nyuma saruji inaganda ndani ya mifuko, nondo zinashika kutu, na mwenye kiwanja anaendelea kulipa kodi ya vyumba vya kupanga.

Tatu, ni suala la muda. Tangu mwaka 2021 baraza la kata limebaki na kazi ya kusuluhisha tu, nalo lina siku 30 kabla shauri halijapelekwa Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Mwenye fedha aweza kupandisha nyumba katika siku hizo. Kwa upande mwingine, Amri ya 37 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai inasema zuio lisizidi miezi 6, na nyongeza zake nazo zina kikomo. Zuio likiisha kabla ya hukumu, koleo zinarudi kazini na ugomvi uko pale pale.

Maoni yangu ni haya. Mabaraza ya kata yatangulize mashauri ambayo ujenzi wake unaendelea. Mahakama na mabaraza ya wilaya, yakitoa zuio, papo hapo yaagize mpima ardhi aende na ramani ya upimaji atafute mawe ya mpaka, na taarifa yake ifike kabla zuio halijaisha. Mahali pasipopimwa, wasikilizwe mapema wazee wanaojua minyaa au mikonge ilipandwa wapi na nani. Na anayeomba zuio aahidi kulipa hasara ya jirani iwapo itaonekana hakuwa na madai ya kweli.

Nasi wananchi tuite mpima kabla ya kumwita fundi. Gharama ya kuonyeshwa mawe ni ndogo kuliko ya kuvunja ukuta, na majirani wataendelea kusalimiana.

Msomaji,
Morogoro.