Kabla kipenga hakijalia, dhamana ya mkandarasi iko wapi?

Septemba 2025 Singida Black Stars walibeba Kombe la Kagame kwa kuichapa Al Hilal ya Sudan 2-1. Ndani ya wiki mbili wakawa na kibarua cha Kombe la Shirikisho Afrika dhidi ya Rayon Sports ya Rwanda, na mechi yao ya "nyumbani" ikapigwa Chamazi, Dar es Salaam, karibu kilomita 700 kutoka Singida mjini. Shabiki wa Singida akaishia kibanda umiza kuitazama timu yake ikiwa nyumbani.

Ndiyo maana kila ikitajwa habari ya kujenga uwanja, kukarabati LITI (wakongwe bado wanauita Namfua) au kuweka kiwanja cha maana wilayani Iramba au Manyoni, watu wanapiga makofi. Makofi yasimame kidogo. Kazi ya Serikali haianzii kwenye greda, inaanzia kwenye karatasi, na karatasi ndiko mabao mengi ya kizembe yanakofungwa.

Mkandarasi akishasaini, mara nyingi huomba malipo ya awali ili alete mitambo, ajenge kambi na anunue saruji na nondo. Hakuna ubaya. Lakini fedha hiyo ni mkopo, siyo zawadi. Hukatwa kidogo kidogo katika kila hati ya malipo mpaka iishe, na kabla ya kuichukua lazima alete dhamana ya benki au bima ya thamani hiyo. Ipo pia dhamana ya utekelezaji, ambayo aghalabu huwa karibu na asilimia 10 ya mkataba. Akiingia mitini, mwajiri anaipeleka dhamana benki, analipwa.

Tatizo ni kwamba dhamana ina tarehe ya kufa. Mradi wa miezi 12 ukichelewa ukafika wa 20, na hakuna ofisa aliyekumbuka kudai dhamana iongezwe muda, halmashauri inabaki na karatasi isiyo na kazi. Nguzo zimesimama, majani yameota, mkandarasi hapokei simu. Ni sawa na kumpa straika ada ya usajili yote halafu mkataba wake ukaisha kabla hajavaa jezi.

Lakini si haki kumtwisha mkandarasi kila lawama, maana na Serikali nayo hucheza rafu. Makandarasi wa ndani wamelia miaka nenda rudi kwamba hati ya malipo inasainiwa, fedha haziji. Huyu kakopa benki, riba inapanda, vibarua wanadai, mwisho anaondoa mitambo. Kesho anaambiwa kavunja mkataba. Nani kaanza kuvunja?

Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, kifungu cha 73, inampa aliyeumizwa haki ya fidia, awe mwajiri au mkandarasi. Kuipata ndiyo ngoma. Kudai mahakamani kunahitaji notisi ya siku 90, na tangu marekebisho ya 2020 utaratibu huo unazihusu pia serikali za mitaa, huku Mwanasheria Mkuu wa Serikali akiunganishwa katika kesi. Hata ukishinda, huwezi kumtuma dalali akakamate magari ya halmashauri. Kwa mkandarasi mdogo wa Singida, siku 90 pekee zinatosha kumfilisi.

Mkubwa wa nje ana njia nyingine. Agosti 2017 nchi nzima iliambiwa kuwa ndege ya Serikali, Bombardier Q400, imezuiwa Canada. Aliyeizuia ni kampuni ya Stirling Civil Engineering, iliyokuwa ikidai takriban dola milioni 38 kutokana na mkataba wa barabara ya Wazo Hill hadi Bagamoyo. Kampuni hiyo ilishashinda mbele ya wasuluhishi miaka kadhaa nyuma, riba ikawa inakula tu. Ndege ilifika nchini 2018. Viwanja vingapi vya wilaya vingejengwa kwa fedha ile?

Mashabiki wa soka wanaielewa hadithi hii kuliko wanavyodhaniwa. Wameona klabu zikifungiwa na FIFA kusajili kwa sababu mchezaji mmoja alivunjiwa mkataba na hakulipwa. Uongozi ulidhani ataondoka kimya kimya, hakuondoka.

Sasa AFCON ya 2027 iko mlangoni, Tanzania ikiandaa pamoja na Kenya na Uganda, na fedha za viwanja zinatembea. Nyingi zinaangaliwa Arusha. Zikifika Singida, madiwani wasiridhike na picha ya kutiana saini. Waulize malipo ya awali ni kiasi gani, yamekatwa mpaka wapi, hati ngapi hazijalipwa na kwa nini. Benki iliyotoa dhamana ipigiwe simu kuthibitisha kuwa dhamana ni yake kweli, maana karatasi za kughushi hazina uhaba mjini.

Na lile bango linalowekwa kwenye eneo la ujenzi, lenye jina la mkandarasi, mhandisi mshauri na mwajiri, liongezwe mstari mmoja: tarehe dhamana inapoisha. Mwendesha bodaboda anayepita hapo kila siku ataisoma, na miezi miwili kabla ataanza kuuliza.