Malezi ya Nyumbani: Mtoto Aulizapo Habari za Mvua

Mwezi huu twataka kusema juu ya jambo ambalo kila nyumba ya nyanda hizi hulitaja kila siku, lakini ni nyumba chache zinazolifundisha: mvua na jua, ukungu na baridi, na jinsi watu wanavyoweza kuyatazamia kabla hayajafika.

Kwanza hatuna budi kukiri kosa letu wenyewe. Mwaka mmoja, katika mwezi wa Oktoba, mtoto wetu alikaa karibu na redio akasikia utabiri wa mvua za msimu. Akatuambia, "Baba, wanasema mvua huenda zikachelewa kuanza." Tukamcheka. Mwezi wa Novemba ikanyesha siku mbili mfululizo, udongo ukalowa, nasi tukapanda shamba zima kwa mbegu ya dukani. Kisha jua likawaka wiki tatu. Miche ikanyauka, na fedha ya kununua mbegu nyingine ikatoka katika akiba ya sare na madaftari ya mtoto yule yule.

Hasara ya pili ilikuwa mbaya kuliko ya kwanza. Tangu siku ile mtoto alilishika neno la redio kama mtu alishikavyo neno la mwaguzi. Siku moja akasikia ya kuwa kesho yake mvua itanyesha katika Nyanda za Juu Kusini, akawakataza wenzake wasianike maharage. Kesho yake jua likang'aa Igowole mchana kutwa, wenzake wakamzomea. Akarudi nyumbani analia, akasema, "Redio imesema uongo." Hapo tukafahamu ya kuwa sisi tulikuwa tumemfundisha kudharau, naye akajifundisha mwenyewe kuamini pasipo kupima. Na mambo haya mawili ni ndugu.

Basi twaanza na neno lenyewe. Sisi husema "utabiri", na mtoto akilisikia hufikiri habari za mtu atazamaye ndani ya kibuyu akaona mambo yaliyofichika. Sivyo. Mwaka 1859 meli iitwayo Royal Charter ilivunjwa na tufani karibu na pwani ya Wales, wakafa watu zaidi ya 400. Nahodha mmoja wa Uingereza, Robert FitzRoy, aliona ya kuwa dhoruba ile ingaliweza kujulikana mapema kama habari za hewa za mahali pengi zingalikusanywa upesi kwa simu ya waya. Mwaka 1861 akaanza kuwaonya mabaharia, na habari zake zikachapwa katika magazeti. Alipokosea, watu walimcheka. Lakini yeye mwenyewe alikuwa amesema wazi ya kuwa maneno yake si unabii. Ni maoni yatokanayo na vipimo na hesabu. Tofauti ndiyo hiyo. Mwaguzi haonyeshi alivyojua, wala haandiki makosa yake. Mpimaji huonyesha vipimo vyake, na akikosea huliandika kosa ili alipunguze.

Katika Afrika Mashariki idara ya kupima hali ya hewa ilianzishwa mwaka 1929, ikatumikia nchi zetu pamoja hata Jumuiya ilipovunjika mwaka 1977. Nchini mwetu kazi hiyo ilikabidhiwa Wakala mwaka 1999, na mwaka 2019 Wakala ukageuzwa kuwa Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania. Mwelezeni mtoto kazi yao kwa maneno mepesi. Katika vituo vingi duniani watu na mitambo husoma kipimajoto, kipimamvua, mgandamizo wa hewa na mwendo wa upepo kwa saa zilizopatanwa. Mahali pengine huachilia puto lipandalo juu sana, likiwa limechukua chombo kidogo kinachotuma habari kwa mawimbi ya redio. Setilaiti nazo hupiga picha za mawingu kutoka juu. Habari hizo zote hutiwa katika kompyuta kubwa, zikahesabiwa hewa itakwenda wapi kesho na kesho kutwa. Kadiri siku zinavyokuwa mbali, ndivyo hesabu inavyopungua nguvu; maana kosa dogo la leo hukua kila siku ipitayo.

Utabiri wa msimu ni jambo jingine. Huo hutazama hasa joto la bahari kubwa, Hindi na Pasifiki, kwa sababu bahari ikipata joto isivyo kawaida huvuta mvua mahali na kuzinyima mahali pengine. Hautaji siku wala shamba; wasema tu kama mvua zaelekea kuwa juu ya wastani, za wastani, au chini yake. Tena mwambieni mtoto asichanganye majina. Vuli na Masika ni mvua za wenzetu wa kaskazini na wa pwani ya kaskazini. Sisi wa Iringa na Mbeya tuna mvua moja ndefu, ya Novemba hata Aprili au Mei, nayo huitwa Msimu. Asikiaye habari za Vuli akapanda mahindi Igowole amesoma barua ya mtu mwingine.

Sasa twaja kwenye kazi ya nyumbani, kwa kuwa mtoto hushika alilolifanya kuliko alilolisikia. Mpeni kopo ambalo mdomo wake na kitako chake vina upana mmoja. Aliweke mahali pa wazi, mbali na miti na michirizi ya paa. Kila asubuhi, kwa saa isiyobadilika, apime maji kwa rula, aandike milimita katika daftari, kisha ayamwage. Milimita 1 ni lita 1 katika kila mita moja ya mraba. Kwa hiyo milimita 10 zikinyesha katika eka moja, zimeanguka zaidi ya lita 40,000, nazo ni ndoo 2,000 za lita 20. Mtoto akisha kuhesabu hivyo, hatasema tena "mvua kidogo" bila kujua asemalo. Wala baba hatadanganyika kwa udongo uliolowa juu tu, kama tulivyodanganyika sisi.

Kando ya kipimo chake aandike pia redio au simu ilisema nini jana. Hapo atajifunza maana ya neno "huenda". Wakisema uwezekano wa mvua ni 7 katika 10, maana yake ni kwamba siku 10 zifananazo na hiyo, katika 7 itanyesha na katika 3 haitanyesha. Ikija moja ya zile 3, hapana aliyesema uongo. Tena mvua yaweza kunyesha Mgololo na kuruka Igowole, na neno lililosemwa juu ya nyanda zote likawa kweli.

Liko na jambo moja ambalo mtoto aweza kulitabiri mwenyewe. Mwezi wa Juni na wa Julai umande ulioganda, ambao katika vitabu huitwa sakitu, huunguza viazi na maharage katika vinyungu vyetu. Jioni mtoto atoke nje atazame. Kama mbingu ni safi, upepo umetulia na hewa ni kavu, joto la ardhi litapanda juu lisizuiwe, na hewa baridi, kwa kuwa ni nzito, itateremka na kujaa bondeni kama maji. Kama kuna mawingu, hayo ni blanketi. Joto halitapotea upesi. Basi aseme, "Usiku huu yaelekea kuganda," nanyi mwende mkaifunike miche kwa nyasi kabla ya giza. Asubuhi atazame, aandike kama amesadifu au amekosa. Mtoto aliyekosa mara tatu na kuandika mara tatu amejifunza zaidi ya yule aliyesadifu kwa bahati.

Tena radi. Mwanga huonekana mara moja, bali sauti huenda kilomita 1 kwa muda wa sekunde 3 hivi. Mtoto ahesabu tangu mwanga hata ngurumo: sekunde 9 ni kilomita 3. Hesabu isipofika 30, hatari i karibu; aache kuchunga, aingie katika nyumba iliyojengwa vema, wala asijikinge chini ya mti. Nasi wazazi tuseme waziwazi mbele ya watoto ya kuwa radi ni umeme wa mawingu. Hakuna jirani aitumaye. Ni vibaya kumfiwa mtu na radi. Ni vibaya zaidi kumwongezea jirani chuki juu ya msiba huo.

Bwana wetu mwenyewe alitaja watu waliojua kuusoma uso wa mbingu, naye hakuwalaumu kwa kuusoma. Kuusoma si ukosefu wa imani. Tukipima kwa uaminifu twatunza mbegu tuliyopewa na chakula cha watoto wetu.

Mtoto wetu yule sasa ana madaftari mawili yaliyojaa. Msimu uliopita ilinyesha mvua ya kwanza, jirani wakaanza kushika majembe. Tukamwuliza, "Waonaje?" Akafungua daftari akasema, "Milimita 14 kwa siku mbili, baba. Na utabiri wa siku tano zijazo ni jua. Sijui kwa hakika, lakini mimi ningengoja." Tukapanda robo ya shamba, tukaingoja mvua kwa robo tatu. Hatutasema jinsi ilivyokuwa, maana mwaka mwingine yaweza kuwa kinyume. Twasema tu ya kuwa safari hii tulimwuliza, naye hakuona haya kusema "sijui kwa hakika".

Mwezi ujao, Mungu akipenda, tutasema juu ya kuhifadhi mahindi ghalani yasiharibiwe na dumuzi. Kaeni salama.