MAZUNGUMZO YA NYUMBANI: Waimbaji wa Kinshasa

Mwezi huu twawaletea habari za watu walioimba njiani katika mji wa Kinshasa, nchi ya Kongo. Vita viliwaka mwaka 1998, na mwezi wa Agosti mapigano yakafika hata pembezoni mwa mji huo. Serikali ya mapatano iliposimamishwa mwaka 2003, maskini walikuwa wengi, na watoto wasio na makao walilala barabarani.

Kati ya maskini hao walikuwapo wanaume ambao miguu yao ililemazwa na ugonjwa wa polio tangu utoto wao. Walijiendesha kwa vigari vya magurudumu matatu, nao walikuwa wakikusanyika karibu na bustani ya wanyama, wakipiga gita na kuimba. Mkubwa wao alikuwa Ricky Likabu. Kijana wa mitaani, Roger Landu, akajiunga nao na chombo chake kiitwacho satonge, kilichoundwa kwa kopo tupu, kijiti kilichopindwa, na waya mmoja. Kopo lililotupwa na mwenye kushiba likatoa sauti tamu mikononi mwa mwenye njaa.

Walijiita Staff Benda Bilili. Na jina hilo, kwa Kilingala, lawaagiza watu watazame ng'ambo ya sura ya nje. Mwaka 2009 nyimbo zao zilitolewa katika sahani, na mwaka 2010 senema ya maisha yao ikaonyeshwa Cannes, Ufaransa. Lakini sifa haidumu: mwaka 2013 kundi likagawanyika.

Hata hivyo wimbo wao mmoja wadumu, nao waitwa Polio. Humo hawaombi sadaka, bali wawasihi wazazi wawapeleke watoto wao kuchanjwa. Ndipo habari hii ingiapo nyumbani mwetu. Ugonjwa huu hauna dawa ya kuuponya. Chanjo ndiyo kinga. Mama, kadi ya chanjo ya mtoto wako i wapi? Nawe baba, umewahi kuiulizia, au umemwachia mama peke yake?

Basi, tukutanapo na mwimbaji njiani, tusimtupie senti na kupita upesi. Tusimame kidogo, tusikie asemalo. Huenda aliyekosa miguu anatuombea miguu ya mwana wetu.